Lugha Haina Damu: Funzo la Utaifa wa Kiarabu

Ndugu msomaji, katika mabaraza yetu, na hata katika maandishi ya baadhi ya wasomi wetu, habari ya utaifa wa Kiarabu huelezwa kwa namna mbili, na zote mbili zimepotoka. Wako wasemao kwamba utaifa huo ni dini iliyovikwa joho la siasa. Wako wasemao kwamba ni damu: mtu huzaliwa Mwarabu kama chui azaliwavyo na madoa, na siasa ilikuja baadaye kuyahesabu madoa hayo. Siku hizi limezuka kundi la tatu, nalo ni la wapenzi wa Kiswahili wenzetu. Hao huzitazama nchi ishirini na mbili zilizomo katika Jumuiya ya Nchi za Kiarabu, wakashangilia: "Oneni lugha moja ilivyojenga taifa moja! Kiswahili nacho kikienea, Afrika Mashariki itakuwa taifa bila ya jasho."

Sisi tuandikao haya si wanazuoni. Elimu yetu ni ya sekondari. Riziki yetu, kwa zaidi ya miaka ishirini na mitano, imetoka katika utumishi wa serikali. Na jioni, kazi ikiisha, tumetunga mashairi kwa lugha hii tuipendayo. Kwa hiyo hatuna sababu ya kuidunisha nguvu ya lugha. Lakini mapenzi yasiyopima huponza, na hatuna budi kuyapinga makundi yote matatu. Twadai kwamba utaifa wa Kiarabu ulizaliwa na lugha, wala haukuzaliwa na dini au damu. Kwamba ulikusanya watu wengi ulipokuwa mwito. Na kwamba ulifarakanisha ulipogeuzwa kuwa amri ya dola. Atakaye kuitumia lugha kujenga taifa na ayapime mambo hayo kwanza.

Tuanze na dini. Katika karne ya kumi na tisa, nchi nyingi za Kiarabu za mashariki zilikuwa chini ya Dola ya Kituruki ya Uthmaniya, ambayo mkuu wake alihesabiwa na wengi kuwa ndiye Khalifa wa Waislamu. Siku hizo mtu wa Damascus au wa Beirut akiulizwa u nani, alijibu kwa dini yake, au kwa mji wake, au kwa ukoo wake. Neno "Mwarabu" lilikuwa aghalabu la mabedui wa jangwani, na muungwana wa mjini asingependa kuitwa hivyo. Waliolinyanyua neno hilo likapata heshima mpya walikuwa waandishi, walimu na washairi, na wengi wa waliotangulia walikuwa Wakristo.

Butrus al-Bustani, aliyezaliwa Lebanon mwaka 1819, alikuwa Mkristo. Mwaka 1860 Wadruzi na Wamaroni waliuana katika milima ya Lebanon, na Wakristo wengi wakachinjwa mjini Damascus. Al-Bustani akaandika vijikaratasi vya kuwasihi watu wa nchi yake waone kwamba ardhi wanayoikalia ni moja na ulimi wanaousema ni mmoja. Mwaka 1863 akafungua mjini Beirut shule ya kitaifa iliyowapokea watoto wa dini zote. Akatunga kamusi kubwa ya Kiarabu, akaanza na kamusi elezo. Hakutaka kuivunja dola iliyokuwapo. Alitaka majirani wasichinjane. Mwenzake Ibrahim al-Yaziji, Mkristo pia na mwana wa mtaalamu mashuhuri wa Kiarabu, alitunga utenzi wa kuwaamsha Waarabu, ukapita kwa siri kutoka kinywa hadi kinywa maana ulikuwa hatari kuuandika. Sisi washairi tuna haki ya kufurahi kwamba mwito huo ulitembea kwa miguu ya shairi kabla haujapata jeshi wala serikali.

Waislamu nao hawakukaa nyuma. Abd al-Rahman al-Kawakibi wa Aleppo, aliyefariki Cairo mwaka 1902, aliandika kuushutumu udhalimu wa watawala, na aliushutumu udhalimu wa Waislamu juu ya Waislamu wenzao. Baada ya mapinduzi ya Waturuki Vijana ya mwaka 1908, serikali ya Istanbul ilikazana kuziendesha ofisi, mahakama na shule kwa Kituruki. Vijana wa Kiarabu waliokuwa wakisoma Paris wakaunda chama cha siri mwaka 1911, na mwezi Juni 1913 ukafanyika mjini humo mkutano wa Waarabu. Walidai nini? Hawakudai uhuru kamili. Walidai majimbo yao yapewe madaraka zaidi, na Kiarabu kiwe lugha rasmi katika nchi zao. Kumbuka, msomaji, kwamba dai lao lilikuwa la mtu anayetaka kusikilizwa na karani wa serikali kwa lugha yake ya kuzaliwa.

Jibu walilopewa lilikuwa kitanzi. Tarehe 6 Mei 1916 Jamal Pasha aliwanyonga hadharani, katika miji ya Beirut na Damascus, wapigania haki wa Kiarabu, Waislamu kwa Wakristo. Mwezi uliofuata Sharif Husayn wa Makka akatangaza uasi. Basi na atujibu yule asemaye kwamba utaifa huo ulikuwa dini: mlinzi wa mji mtakatifu wa Waislamu aliasi dola ya Khalifa wa Waislamu, akiungwa mkono na baadhi ya Wakristo wa Kiarabu. Kama hiyo ni dini, ni dini gani?

Yaliyofuata yanajulikana, nasi Waafrika tunayatambua kwa harufu yake. Uingereza ilimwandikia Sharif Husayn barua za ahadi katika miaka ya 1915 na 1916, na papo hapo ikakaa na Ufaransa mwaka 1916 kuzigawana nchi zile zile zilizoahidiwa uhuru. Tarehe 2 Novemba 1917 ikaahidi makao ya taifa la Wayahudi katika Palestina, ambayo wakazi wake walio wengi walikuwa Waarabu. Mwezi Machi 1920 Faysal, mwana wa Husayn, alitawazwa mfalme mjini Damascus. Aprili mabeberu wakakutana San Remo wakagawana. Na tarehe 24 Julai jeshi la Ufaransa likawashinda watetezi wa Damascus huko Maysalun. Kalamu iliyochora mipaka hiyo ilikuwa ndugu wa kalamu iliyoichora mipaka yetu baada ya mkutano wa Berlin wa 1884 na 1885.

Sasa tuitazame hoja ya damu. Mtu aliyefanya kazi kubwa kuliko wengi kuufundisha utaifa wa Kiarabu darasani ni Sati al-Husri. Alizaliwa Sanaa kwa mtumishi wa dola aliyetoka katika ukoo wa Aleppo, akasomeshwa kwa Kituruki, akautumikia ualimu katika Dola ya Kituruki hadi ilipoanguka, na hata alipokuwa mkuu wa elimu katika Iraki ya mfalme Faysal katika miaka ya 1920, Kiarabu chake kilikuwa na lafudhi ya Kituruki. Huyo ndiye aliyewaandalia maelfu ya watoto vitabu na mitaala ya Uarabu. Alikuwa Mwarabu wa kuchagua, na alijua hivyo. Ndiyo maana aliikataa damu kuwa msingi wa taifa. Alifundisha kwamba lugha ni roho ya taifa na historia ni kumbukumbu yake.

Itazame Misri pia. Mapinduzi ya mwaka 1919 yaliyoongozwa na Saad Zaghlul yalikuwa ya Wamisri kwa ajili ya Misri. Mwaka 1938 Taha Hussein, mwandishi aliyekuwa kipofu na mkubwa kuliko wengi wenye macho, alichapisha kitabu akidai kwamba utamaduni wa Misri ni wa bahari ya Mediterania. Lakini katiba ya mwaka 1956, chini ya Gamal Abdel Nasser, ilitamka kwamba watu wa Misri ni sehemu ya taifa la Kiarabu. Je, kati ya 1919 na 1956 damu ya Wamisri ilibadilika? Somalia ilijiunga na Jumuiya ya Nchi za Kiarabu mwaka 1974, na Komoro, ambayo lugha yake ni ndugu wa damu wa Kiswahili chetu, ikajiunga mwaka 1993. Je, Mkomoro alilala Mbantu akaamka Mwarabu? Hapana, ulifanyika uamuzi wa kisiasa, na mataifa huwa na haki ya kuamua.

Ushahidi wa karibu zaidi uko kwetu. Serikali ya kikoloni iliwapanga watu wa Unguja na Pemba katika mafungu ya Waarabu, Waasia na Waafrika, na hata viti vya Baraza la Kutunga Sheria vikagawanywa hivyo. Mtu akawa Mwarabu wa hati, ingawa mama yake na bibi yake walikuwa wa Makunduchi na hajui kuomba maji kwa Kiarabu. Katika zama za siasa, sauti ya redio ya Cairo iliyotangaza kwa Kiswahili dhidi ya ukoloni ilisikika pwani yetu, na wazee wetu wengi waliipenda kwa haki kabisa. Lakini mwito wa Nasser ulipofika katika nchi ambayo mkoloni alikwisha kuwagawa watu kwa nasaba, ulisikiwa kwa masikio ya nasaba. Damu iliyomwagika katika ghasia za Juni 1961 na katika mwezi wa Januari 1964 bado inaziliza nyumba kadhaa.

Basi tazama kejeli ya dunia. Wengi wa walioitwa Waarabu kule Unguja walihamia Omani, hasa baada ya mwaka 1970. Walipofika Muscat, wakabisha hodi kwa Kiswahili, wakapika pilau ya kwao, wakaimba taarabu, na wenyeji wakawaita nani? Wakawaita Wazanzibari! Mtu yule yule, mwenye baba yule yule, amekuwa Mwarabu upande huu wa bahari na Mzanzibari upande wa pili. Aaminiye kwamba taifa ni damu na atueleze damu hiyo ilibadilikia wapi katikati ya safari.

Tumekwisha kuwajibu wa dini na wa damu. Limebaki kundi la tatu, na hao ndio tunaowaogopea zaidi, maana ni sisi wenyewe.

Ni kweli kwamba lugha ilifanya makubwa. Nasser alipoutaifisha Mfereji wa Suez tarehe 26 Julai 1956, na Uingereza, Ufaransa na Israeli zikaishambulia Misri, redio ya "Sauti ya Waarabu", iliyoanzishwa Cairo mwaka 1953, ilisikilizwa katika migahawa kutoka Moroko hadi Ghuba. Nyimbo za Umm Kulthum za usiku wa Alhamisi ya kwanza ya mwezi ziliwafanya watu wa nchi nyingi kuketi kimya saa moja. Wasyria wakapanda kiu ya umoja. Mwezi Januari 1958 maofisa wa jeshi la Syria waliruka hadi Cairo kuomba nchi mbili ziwe moja. Nasser akakubali kwa sharti kwamba vyama vyote vya siasa Syria vivunjwe. Tarehe 22 Februari 1958 ikazaliwa Jamhuri ya Muungano wa Nchi za Kiarabu, na kura ya maoni ikatangazwa kuwa na ndiyo zaidi ya asilimia 99.

Muungano huo uliishi miaka mitatu na miezi saba. Tarehe 28 Septemba 1961 maofisa wa Syria waliuvunja. Kwa nini? Lugha ilikuwa moja, kitabu cha sarufi kimoja, redio moja, mshairi aliyeimbwa kule aliimbwa na huku. Kilichokosekana ni mahali pa kusemea. Mambo ya Damascus yaliamuliwa Cairo. Maofisa wa Misri waliwekwa juu ya wenzao wa Syria. Askari wa usalama wakawa wengi kuliko wasemaji. Na vyama ambavyo vingeleta manung'uniko ya mkulima na ya mfanyabiashara vilikwisha kuzikwa kwa mikono ya walioomba umoja wenyewe. Watu walikuwa na ulimi mmoja, na ulimi huo ukafungwa. Asilimia 99 ya ndiyo haikumzuia hata mtu mmoja kusema hapana ilipofika asubuhi ile.

Hapa ndipo tunapoikuta mbegu ya ubaya katika mafundisho ya al-Husri aliyekuwa mwema. Alifundisha kwamba asemaye Kiarabu ni Mwarabu, alikubali asilikubali. Maneno hayo yalitamkwa na mwalimu kwa kuwapenda wanafunzi wake, lakini yalipochukuliwa na mkuu wa polisi yakawa mengine. Yeye aliongeza: na asiyesema Kiarabu je? Ama aseme, ama si mwenzetu.

Syria ilipojitoa katika muungano mwaka 1961 ilijibadilisha jina, ikaongeza neno "Kiarabu" katika jina la jamhuri. Mwaka mmoja baadaye, tarehe 5 Oktoba 1962, ilifanya hesabu ya watu ya siku moja katika jimbo la Hasakah, na Wakurdi wapatao 120,000 wakanyang'anywa uraia. Ndugu msomaji, sisi tumefanya kazi ya ofisi. Tunajua uzito wa karatasi. Mtu asiye na hati ya uraia hawezi kuandikisha shamba, wala kuajiriwa serikalini, wala kupata hati ya kusafiri, na mwanawe huzaliwa amekwisha kufutwa. Wengi wa watu hao na wazao wao walikaa hivyo hadi mwaka 2011, karibu nusu karne. Hakuna mzinga uliopigwa siku ile. Ulitumika muhuri tu, na aliyeushika ni karani kama sisi.

Twende Algeria. Wakabyle, watu wa milimani wenye lugha yao ya Kiberber, walipigana na Mfaransa kuanzia 1954 hadi 1962 kwa ushujaa usiopingika. Uhuru ulipopatikana waliambiwa kwamba taifa ni la Kiarabu. Mwezi Machi 1980 mwandishi Mouloud Mammeri alialikwa chuo kikuu cha Tizi Ouzou kutoa mhadhara juu ya ushairi wa kale wa Wakabyle. Mhadhara ulipigwa marufuku. Serikali iliyomshinda Mfaransa mwenye ndege na vifaru iliogopa mashairi ya mababu! Migomo na maandamano yakafuata, na watu wakapigwa na kufungwa. Mwaka 2002 lugha hiyo ilitambuliwa kuwa ya taifa, na mwaka 2016 ikawa rasmi kwa katiba. Algeria haikuvunjika ilipofanya hivyo. Basi ugomvi ule wa miaka mingi ulikuwa wa faida ya nani?

Sudan ni jirani yetu, na funzo lake ni chungu zaidi. Serikali ya Jenerali Ibrahim Abboud, iliyoshika madaraka mwaka 1958, ilikilazimisha Kiarabu katika shule za kusini, na mwaka 1960 ikaifuta Jumapili ya mapumziko huko ikaweka Ijumaa. Vita vya kusini vilikuwa na sababu nyingi, lakini amri hizo zilimwaga mafuta motoni. Tarehe 9 Julai 2011 Sudan Kusini ikawa nchi mbali, na lugha rasmi iliyoichagua ni Kiingereza. Hata hivyo, ukienda soko la Juba utasikia watu wakiuza na kununua kwa Kiarabu cha Juba, walichokitengeneza wenyewe. Na nduguye, Kinubi, husemwa na Wanubi wa Uganda na Kenya hadi leo. Kiarabu kilichokwenda sokoni kwa miguu yake kilipokewa na mama muuza mboga. Kilicholetwa na amri ya gavana kilikataliwa, na sehemu ya nchi ikaondoka nacho.

Na waliojiita walinzi wa Uarabu walimfanya nini Mwarabu mwenyewe? Chama cha Baath kilianzishwa Damascus mwaka 1947 na waalimu wawili, Michel Aflaq, Mkristo, na Salah al-Din al-Bitar, Mwislamu. Mwanzo ulikuwa mzuri. Lakini chama kilipopata dola mbili, Iraki na Syria, ndugu hao wawili walichukiana kuliko mahasimu. Katika vita vya mwezi Juni 1967 redio ya Cairo ilitangaza ushindi, ilhali ndege za Misri zimekwisha kuungua chini katika asubuhi ya kwanza. Ngoma ikilia sana haikawii kupasuka. Tarehe 16 Machi 1988 serikali ya Baath ya Iraki iliwaua Wakurdi wapatao elfu tano kwa gesi ya sumu huko Halabja, na tarehe 2 Agosti 1990 ikaivamia Kuwait, Waarabu kwa Waarabu. Baath ilipigwa marufuku Iraki mwaka 2003 baada ya uvamizi wa Marekani, na mwezi Januari 2025 ikavunjwa Syria, wiki chache baada ya utawala wa Assad kuanguka.

Yuko atakayetupinga kwamba twawasahau mabeberu. Hatuwasahau. Waliogawana nchi mwaka 1920 ni wao. Wapalestina zaidi ya 700,000 walipoteza makao mwaka 1948, na jeraha hilo halijafungwa. Suez ilishambuliwa, Iraki ikavamiwa. Lakini hakuna beberu aliyeshika muhuri kule Hasakah, wala aliyefunga mlango wa ukumbi kule Tizi Ouzou. Adui wa nje huiba kwa urahisi katika nyumba ambayo watoto wake wamefungiwa nje. Na mtu anayemsingizia jirani kila ufa wa ukuta wake hatapata fundi wa kuuziba.

Mwenzako akinyolewa, zako tia maji. Kiswahili chetu kimepata heshima ambayo mababu hawakuiota. Mwaka 2021 Shirika la Umoja wa Mataifa la Elimu, Sayansi na Utamaduni lilitangaza tarehe 7 Julai kuwa siku yake duniani; mwaka 2022 Umoja wa Afrika ulikipokea kuwa lugha ya kazi. Tunashangilia, na ni haki yetu. Lakini tukumbuke kilivyotufikia. Kilikwenda bara na wapagazi, kikakaa gatini, reli na mashambani, kikaimbwa katika dansi na kuhubiriwa misikitini na makanisani, kikasimama jukwaani katika mikutano ya kudai uhuru. Mnyamwezi, Mhaya na Mmakonde walikichukua bila kuulizwa babu zao ni nani. Lugha isiyokuwa na kabila kubwa nyuma yake haikumtisha mtu. Hiyo ndiyo hazina tuliyopewa bure, ambayo Waarabu wa Beirut waliitafuta kwa kalamu na machozi.

Na wenye kudhani kwamba lugha peke yake yatosha, wakumbuke Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka 1967. Kiswahili kilikuwapo Dar es Salaam, kilikuwapo Nairobi, kilikuwapo hata katika kambi za jeshi la Uganda. Jumuiya ilivunjika mwaka 1977, na watu wakatukanana kwa Kiswahili fasaha. Jumuiya ya leo, iliyokubalika kwa mkataba wa mwaka 1999, haitaokolewa na kamusi. Itaokolewa na mabaraza ambamo mkulima wa Ngara na mvuvi wa Kisumu watasema hapana na wasikilizwe.

Tuna jambo moja zaidi, nalo ni la nyumbani. Tuna lugha za mababu zaidi ya mia moja katika nchi hii. Hazitumiki kufundishia shuleni, na wako vijana wanaoona haya kuzisema mbele ya wenzao. Tunajua sababu iliyowafanya viongozi wetu wa kwanza waziache kando: waliogopa ukabila, na hofu yao ilikuwa ya kweli. Wala hatusemi Kiswahili kipunguziwe hata hatua moja. Lakini mashairi ya Wakabyle yalipofungiwa ukumbi, Kiarabu hakikuongeza hata neno moja katika kamusi yake. Ngano za Kigogo, majigambo ya Kihaya na nyimbo za jando za Kimakonde zikifa pamoja na wazee wetu, Kiswahili kitakuwa kimepungukiwa na chakula chake, kwa kuwa maneno mengi mazuri kiliyonayo kiliyachuma katika mashamba hayo. Na zikusanywe, zichapishwe katika vitabu vya taifa pamoja na tafsiri zake, na mtoto asichapwe wala kuchekwa kwa kusema ulimi wa bibi yake.

Vivyo hivyo, tuache kumpima mzalendo kwa lafudhi au kwa jina. Yuko mwenzetu mwenye jina la Kiarabu au la Kihindi ambaye babu yake amezikwa hapa, na bado, akipita mtaani, huulizwa kwao ni wapi. Yuko mtu wa mpakani anayetakiwa ofisini athibitishe uraia wake mara tatu kwa sababu Kiswahili chake kinavuta upande wa pili wa mto. Tumewahi kuketi nyuma ya meza hiyo. Tumewahi kumtazama mtu usoni kabla ya kuitazama karatasi yake, na tunaona haya kwa hilo. Hesabu ya Hasakah ilianza katika meza kama ile.

Al-Bustani alifungua shule yake miaka mitatu baada ya watu wa nchi yake kuchinjana, akawaketisha kwenye benchi moja watoto wa pande zilizouana, akawafundisha sarufi. Hakumwambia yeyote kwamba amekwisha kuwa Mwarabu. Aliwapa lugha na kuwaachia mlango wazi. Kazi yetu na Kiswahili ni hiyo hiyo, na haijakwisha.